Karibu na Kule

Nchi ya Tumikia usijisumbue kuitafuta kwenye ramani, utayachosha macho yako bure. Waliofika huko hawapendi kuelekeza njia, na wachache waliorudi wamekuwa watu wa kushtuka kila mlango unapogongwa. Mimi nasimulia ya Nyamizi, mkulima wa karanga, mke wa Luhende, mwanamke mwenye adabu zake na mdomo wake. Aliingia Tumikia jioni moja na mzigo kichwani, ana furaha ya bibi harusi, na uzee wote ule.

Furaha yenyewe ilikuwa na sababu. Mumewe alikuwa mpima mvua wa serikali ya Tumikia. Alichukuliwa angali kijana mbichi, kwa kuwa vijana wa nchi ile walishaanza kuzikimbia kazi za serikali yao, na serikali ikawa inaokota watumishi kwa majirani. Tangu hapo Luhende akawa mume wa likizo. Anakuja, anaezeka paa, anacheza na watoto wasiomjua vizuri, anaondoka. Nyamizi alilea peke yake, akazika wakwe peke yake, akaota mvi peke yake. Sasa mume anastaafu, na yeye amekuja kumchukua. Alitaka kitu kimoja tu duniani: miaka iliyobaki awe na mtu wa kugombana naye ndani ya nyumba.

Luhende alikuwa na kituo Kizingiti, mji wa mpakani, na usidhani kilimwangukia kwa bahati. Aliomba, akasubiri, akanyenyekea nusu ya maisha yake apangiwe pale. Maana sheria kuu ya Tumikia, ile watoto wanayoimbishwa shuleni asubuhi, inasema hivi: siku ya mwisho ya utumishi, jua likizama, pale lilipokukuta ndipo kwenu. Si ulikozaliwa wala ulikojenga, wala walipo watoto wako. Likikukuta Kizingiti, wewe ni mtu wa Kizingiti, na mtu wa Kizingiti huulizwa langoni "kwenu wapi?", anajibu, anapita, anakwenda anakotaka. Ndiyo maana kila mtumishi wa nchi ile anauota mji huo, na kila mtumishi anaiogopa Kule.

Kule ni wilaya. Ndilo jina lake halali, limo hata kwenye mihuri. Haina mto, haina soko, mtoto hajawahi kuzaliwa humo, na mtu wa Kule haruhusiwi kutoka, kwa maelezo kwamba wilaya lazima iwe na watu. Haya, na watu itawapata wapi kama hawazaliwi? Serikali ilikaa, ikakuna kichwa, ikawaona wazee wake wanaokaribia kustaafu. Wanahamishiwa huko dakika za mwisho, jua linazama, kwisha habari. Kila mwaka waziri anasimama bungeni na kutangaza kwamba wakazi wa Kule wameongezeka tena. Wabunge wanapiga makofi, huku kila mmoja akipiga hesabu ya umri wake kimoyomoyo.

Nyamizi hakujua hata moja katika hayo. Luhende alipanga kumweleza kesho yake mchana, akishapumzika na safari. Hapo ndipo alipokosea, na mkewe naye akakosea kwa kuamka mapema.

Alikuwa jikoni anachekecha unga, uji unatokota pembeni, na Luhende yuko bafuni uani. Mlangoni ikasikika sauti ya upole kabisa. "Hodi! Hodi wenyewe!"

Sasa niambie, mtu aliyelelewa na mama yake akisikia hodi anajibu nini?

"Karibu!" Nyamizi akaitika huku anajifuta mikono. "Karibu ndani, pita ukae!"

Bafuni ndoo ikaanguka. Luhende akatoka mbio, taulo kiunoni, povu kichwani, macho yamemtoka. "Mama Shija! Umesema nini?"

"Nimesema karibu. Kuna mgeni mlangoni."

"Umesema karibu?"

"Sasa ningesema nini, toka?"

Luhende akakaa chini palepale, kwenye maji ya sabuni, kama mtu aliyekatwa miguu.

Aliyeingia alikuwa mtu nadhifu, suti ya kaki, kofia mkononi, uso wa huruma. Alikuwa Mtangaza Uhamisho wa serikali. Katika Tumikia uhamisho hauandikwi popote, unatamkwa. Na kwa kuwa serikali ile inajivunia ustaarabu, sheria inakataza Mtangaza kufungua kinywa katika nyumba ya mtu pasipo kukaribishwa. Akiitikiwa karibu, uhamisho umeingia. Asipoitikiwa, anarudi zake na kesho anakuja tena. Basi mji mzima wa Kizingiti ulishaacha kuitika. Jirani akitaka chumvi, anakohoa dirishani. Mtoto akiteleza akatamka lile neno, anachapwa, kisha mama yake analia kuliko yeye.

"Asante sana, mama," Mtangaza akasema, na sauti ilimtetemeka kweli. "Masika yote nimekuwa nabisha hodi nyumba hii. Nanyeshewa hapo nje, nasikia watu ndani wanapumua, hakuna anayeniitikia. Wewe ndiye wa kwanza kuniona binadamu."

Kisha akajinyoosha, akavaa kofia. "Luhende, mpima mvua, umehamishiwa Kule. Utaripoti mara moja. Serikali inakutakia kazi njema."

Akavua kofia, akakaa. "Mama alisema nipite nikae," akaeleza. Nyamizi akamtilia uji, na yeye akaunywa wote mpaka akakwangua bakuli.

Alipoondoka tu, dirisha la jikoni likakohoa. Alikuwa jirani yao, Siwema, mkunga wa serikali, na aliingia kwa dirisha hilohilo na unene wake wote. Ndiye aliyemweleza Nyamizi habari za Kule, kwa kunong'ona, akishika ukuta kila alipolitaja jina. Alimtazama mumewe, ambaye povu lilikuwa limemkaukia kichwani, akachukua kitambaa, akaanza kumfuta.

"Lakini sheria ya kuwakinga ipo," Siwema akasema. "Tena imeandikwa kwa wino mzuri: mtumishi aliye karibu na kustaafu asihamishwe."

"Basi si limekwisha!" Nyamizi akaruka. "Baba Shija anastaafu mwezi ujao. Kuna karibu gani zaidi ya hapo?"

Siwema akacheka, lakini si kwa furaha. "Mama wewe, sheria ipo. Hata mwezi upo, tunauona kila siku. Nani umemsikia ameushika?"

Walimwendea wakili aitwaye Chausiku, mwanamke mkavu wa kimo kifupi, ambaye hakuwahi kuajiriwa na serikali hata siku moja, ndiyo maana aliweza kusema Kule bila kushika ukuta. Aliwasikiliza, akamwangalia Nyamizi kwa muda mrefu, akasema kesi ipo. Mtumishi anayepinga uhamisho huachwa alipo mpaka hukumu isomwe. Nyamizi alishukuru mpaka akapiga magoti. Luhende yeye aliuliza swali moja tu, kama kufungua kesi ni utovu wa nidhamu.

"Unasikia huyu?" Nyamizi akamwambia wakili. "Wanataka kumzika na pumzi yake, yeye anauliza nidhamu!"

"Nauliza tu, Mama Shija. Utaratibu ni utaratibu."

Hilo neno utaratibu ndilo lililokuwa dini ya Luhende. Hajawahi kuchelewa kazini, wala kukaa mbele ya mkubwa wake. Siku mama yake alipokufa aliomba ruhusa, akaambiwa angoje, akangoja mpaka matanga yakaisha. Nyamizi aliyajua haya yote na alikwisha kuyasamehe, lakini sasa yalianza kumtisha upya.

Kesi ikaanza kuahirishwa. Mara jaji amehamishwa. Mara jaji mpya amefika lakini hajazoea maji ya mji. Mara chumba kinapakwa rangi. Nyamizi akawa mtu wa kuhesabu machweo. Kila hodi ya mbali, hata ya nyumba ya tatu, ilimfanya ajizibe mdomo kwa mikono miwili, kana kwamba ulimi ungemponyoka tena. Akakonda. Luhende aliendelea kwenda kazini kila asubuhi, anachungulia chombo chake cha mvua, anarudi, anasema leo hamna kitu.

Kesi ilisikilizwa kweli siku mbili kabla ya kustaafu kwake.

Jaji aliitwa Ngwali. Uzee wake ulionekana toka mlangoni, na nyuma ya kiti chake palikuwa na godoro lililokunjwa na kufungwa kamba, pamoja na sufuria na birika. Majaji wa Tumikia nao ni watumishi. Kila karani alipoingia kwa haraka, Mheshimiwa alishika godoro lake.

Wakili wa serikali, Bwana Mavumba, mtu wa tumbo na sauti, ndiye aliyetangulia.

"Mheshimiwa, mlalamikaji anasema yuko karibu na kustaafu. Mimi nauliza, neno karibu ni la nani? Si la mwenye nyumba? Mgeni hawezi kujikaribisha mwenyewe, atakuwa mwizi. Sasa huyu mzee alibisha hodi lini kwa kustaafu? Nani aliitika? Alete shahidi aliyemsikia Kustaafu akimwambia karibu!"

Wasomi waliokaa mbele wakatikisa vichwa kwa kuridhika, wakaandika.

Chausiku akasimama. "Mheshimiwa, karibu pia ni umbali. Pasipo mbali ni karibu. Hata mbuzi analijua hilo."

"Umbali kutoka wapi?" Mavumba akadaka. "Mwalimu aliyeajiriwa jana naye anakaribia kustaafu, maana leo yuko karibu kuliko jana. Tukisema kila anayekaribia asihamishwe, nani atahama? Kule patakuwa patupu. Babu zetu walioichora Kule kwenye ramani tutawajibu nini?"

Mtu mmoja nyuma akafuta machozi kwa ajili ya babu zake.

"Basi niulize jambo dogo," Chausiku akasema. "Huyu ni mpima mvua. Kule hakujanyesha tangu nchi iumbwe. Anakwenda kupima nini?"

"Hakujanyesha kwa mujibu wa nani?" Mavumba akanyoosha mikono. "Hatuna mpimaji huko! Ndiyo maana tunampeleka!"

Nyamizi, aliyekaa benchi ya nyuma, aliogopa. Hakuogopa kwa kuwa Mavumba alikuwa mjinga. Aliogopa kwa kuwa hakuna aliyecheka. Watu wazima, wenye miwani na wajukuu, walikuwa wanakubali. Akaona kwamba katika chumba kile mtu anaweza kuambiwa mchana ni usiku, naye akatafuta taa.

Ndipo Chausiku akamwita kizimbani. "Mama, siku ile Mtangaza alipobisha hodi, ulimjibu nini?"

Nyamizi akainama. Aibu ilimchoma mpaka masikioni. "Nilisema karibu."

"Kwa sauti?"

"Kwa sauti. Nilidhani ni mtu wa heri."

"Asante, kaa mama yangu." Wakili akamgeukia jaji. "Mheshimiwa, serikali inasema neno hilo lina nguvu ya sheria, na kwa nguvu hiyo uhamisho uliingia ndani. Mimi nakubali. Ila nguvu haikatwi nusu. Kabla uhamisho haujatamkwa, serikali ilikwisha kuambiwa mlangoni, na mtu wa nyumba ileile, kwamba ndani humo ni karibu! Ilisikia. Ikashukuru. Ikaketi. Ikanywa uji mpaka ikakwangua bakuli. Leo inasimama hapa kusema haikujua kwamba mtumishi wake yuko karibu?"

Mtu akapiga kicheko, mwingine akapokea, mara chumba kizima kinacheka, hata karani, hata mmoja wa wasomi. Nyamizi akainua uso. Kwa mara ya kwanza tangu asubuhi ile ya uji, kifua chake kilipitisha hewa.

Jaji Ngwali hakucheka. Mtazame huyo mzee wa watu. Akimnyima Luhende haki, amejifungia mlango yeye mwenyewe, maana siku zake nazo zilikuwa ukingoni na sheria ni hiyohiyo. Akimpa, wakubwa watamkasirikia, na Mtangaza atajua pa kubisha hodi. Akafumba macho. Akapapasa kamba ya godoro.

"Mahakama inaona," akasema taratibu, "kwamba mlalamikaji yuko karibu. Asihamishwe."

Kelele zilizopigwa! Siwema akamkumbatia Nyamizi mpaka miguu ikaacha ardhi. Luhende alisimama wima, akainama kwa heshima, akasimama tena.

"Hata hivyo," jaji akaendelea, na chumba kikanywea, "tangu uhamisho ulipotamkwa, mlalamikaji ni mtumishi wa Kule. Mahakama ya Kizingiti haina mamlaka ya kumkabidhi hukumu mtumishi wa wilaya nyingine. Hukumu itasomwa kituoni kwake. Ikishasomwa, itakuwa na nguvu."

Hakumtazama mtu. Alibeba godoro lake akatoka kwa mlango wa nyuma.

Nje, Nyamizi alimvuta mumewe mkono hadi penye ukuta. Kutoka pale lango la mpaka lilionekana, na ng'ambo yake barabara nyekundu ya kwenda kwao.

"Baba Shija, twende zetu. Sasa hivi, tulivyo. Vyombo waachie."

"Nitoroke?"

"Ondoka. Liite upendavyo."

"Mimi, Luhende?" Aliumia kweli, ungedhani amepigwa kofi. "Mtoro hana kwao. Watauliza langoni kwenu wapi, nitasema nini? Na kwa nini nitoroke, Mama Shija, na hali nimeshinda? Umesikia mwenyewe. Kimebaki kipengele cha utaratibu tu. Nakwenda, nasomewa, nageuza. Jua la siku ya mwisho likizama niko hapa nawe."

Chausiku alikuwa amesimama karibu, na uso wake haukuwa wa mtu aliyeshinda kesi. "Mzee, nisikilize vizuri. Ukifika, waambie wasome upesi. Wakimaliza tu, toka. Usikae chini. Usinywe maji yao. Usisikilize habari za mtu."

"Na mimi nakwenda naye," Nyamizi akasema. "Nimtoe kwa meno ikibidi."

Gari la serikali, ambalo wagonjwa wa Kizingiti hulisubiri mpaka wakapona wenyewe au wakafa, lilikuwa mlangoni kabla hawajafunga mizigo. Siku ya mwisho ya utumishi wa Luhende, alasiri, likawashusha Kule.

Nyamizi alikuwa amejiandaa kuona ukuta, askari, mbwa. Hakukuwa na kitu. Palikuwa na mstari mweupe umechorwa chini, kama ule wa kiwanja cha mpira, na ng'ambo ya mstari nyumba ndogo zinazofanana, na ardhi tupu mpaka macho yanaposhindwa. Hakusikia kuku, wala mtoto, wala mwiko kugonga sufuria. Angeona bunduki angejua la kuogopa. Mstari ule ulimtia hofu ambayo hakujua aishike wapi.

Penye mstari alikaa mwanamke mmoja kwenye kigoda, sare yake imepauka hata rangi haijulikani. Alikuwa Mpokeaji wa wilaya. "Shikamooni," akasema kwa adabu. "Mtumishi apite. Mama asiye mtumishi anaweza kubaki huko au kuingia, ni hiari yake. Kutoka ndiko hakuna hiari."

"Marahaba, mwanangu," Luhende akajibu. Akampa mkewe kofia yake ashike, akatabasamu, akavuka.

"Msomeeni haraka!" Nyamizi akapaza sauti. "Jua linashuka!"

"Tutasoma kama inavyosomwa, mama," Mpokeaji akasema. Akainuka, akakunjua hukumu. "Mtumishi, simama wima. Mikono ubavuni. Hukumu ikianza, msikilizaji hasogei mpaka iishe. Ndio utaratibu."

Luhende akasimama wima. Mikono ubavuni.

Mpokeaji alianza na jina la nchi na sifa zake. Akasoma jina la mahakama, cheo cha jaji, shule alizosoma jaji. Akasoma maneno ya Mavumba yote, kwa sauti ileile moja, akimeza mate kila nukta. Milango ya zile nyumba ikafunguka mmoja mmoja. Walitoka wazee: muuguzi, mwalimu, trafiki mwenye firimbi shingoni, wote katika sare za kazi zilizochakaa. Walijipanga safu nyuma ya Luhende na kumtazama visigino.

Mmoja wao, mzee mwenye macho ya ukungu, akasogea hadi kwenye mstari mweupe. "Mama," akamwita Nyamizi kwa sauti ndogo, "huko mtokako, mvua imenyesha?"

"Imenyesha," Nyamizi akajibu.

"Inanukaje, mama? Nimesahau."

Nyamizi aligeuka akaangalia jua. Lilikuwa limeshagusa ardhi.

"Baba Shija!" akapiga kelele. "Toka! Yaliyobaki utayasikia ukiwa huku!"

Luhende hakugeuza kichwa. Aliinua kidole kimoja tu kutoka ubavuni, kile cha kumnyamazisha mtoto kanisani, akakirudisha.

"Toka, nakwambia! Luhende! Hatua tatu tu!" Alikuwa hajamwita kwa jina lake tangu waoane. "Unaona jua hilo? Unaliona?"

Mpokeaji akasoma. Alifika kwenye maneno ya Chausiku, akayasoma yote, na hapakuwa na aliyecheka. Nyamizi akaokota donge la udongo, akamrushia mumewe, likampiga katikati ya mgongo na kupasuka. Luhende alitikisika kidogo, akajirekebisha, akasimama wima zaidi. Ndipo Nyamizi akaona jambo lililomfanya apige ukemi wa msibani. Ile safu ya wazee ilikuwa inasogea polepole, bila kuambiwa, wakibanana mabega, na katikati yao palikuwa pamefunguka nafasi ya kumtosha mtu mmoja.

Alilia, akatukana, akaomba. Alimtaja Shija na wajukuu mmoja mmoja kwa majina. Mbele ya macho yake palikuwa na mgongo ule aliousubiri ujana wake wote, umetulia, umetii.

"Kwa hiyo," Mpokeaji akasoma, "mahakama inaamuru kwamba mtumishi Luhende asihamishwe."

Na jua likazama.

Mpokeaji akakunja hukumu vizuri, akampa mkono. "Hongera, mzee wangu. Amri imepokelewa, na sisi tunaiheshimu. Hutahamishwa. Si waziri, si rais, hakuna mtu atakayekutoa hapa."

Wazee wakapiga makofi, taratibu, kwa mikono mikavu.

Luhende akageuka sasa, kwa kuwa imeruhusiwa. Uso wake uling'aa. Nyamizi hakuwahi kumwona hivyo tangu ujanani, siku ile mahari ilipokubaliwa. "Mama Shija!" akaita kwa nguvu. "Umesikia? Asihamishwe! Wamesoma mpaka mwisho. Tumeshinda!"

Nyuma ya Nyamizi dereva alikuwa ameshawasha gari. "Mama," akasema kwa upole, bila kumtazama, "wewe bado unaweza. Panda twende."

Nyamizi aliitazama barabara. Mawazoni alimwona Shija amesimama mlangoni kwake akimngoja, na wajukuu, na mashamba yake. Kisha akamtazama mumewe, anacheka peke yake kama kijana, amenyoosha mikono. Alikuwa hajaelewa. Angeelewa kesho labda, au keshokutwa, asubuhi akienda kuchungulia chombo kikavu, na atakapoelewa hapatakuwa na mtu anayemjua.

Hofu haikumtoka. Lakini aliinama, akachukua mzigo wake, akauweka kichwani, akavuka.

Luhende alimpokea mzigo, akauweka chini, akamwangalia usoni, akashangaa. Akamfuta machozi kwa kiganja chake.

"Sasa unalia nini, mke wangu," akamwuliza, "na sisi ndio tumeshinda?"